Manowari za makombora za Urusi: Safari ya miaka 60 kutoka Grozny hadi Moskva

WAHENGA walinena kuwa mwosha huoshwa. Methali hiyo ilitimia katika Bahari Nyeusi mnamo Aprili 14, 2022, wakati Moskva, manowari iliyoongoza kikosi cha Urusi katika bahari hiyo, ilipozama kusini mwa mji wa Odesa.

Ukraine ilisema iliipiga kwa makombora mawili aina ya Neptune yaliyorushwa kutoka nchi kavu. Urusi ilishikilia kwamba moto ulizuka na kulipua silaha zilizokuwemo, kisha meli ikazama ilipokuwa ikikokotwa bahari ikiwa imechafuka. Maafisa wa Marekani waliunga mkono maelezo ya Ukraine.

Vyovyote iwavyo, hiyo ndiyo manowari kubwa zaidi ya Urusi kuzama vitani tangu Vita Vikuu vya Pili vya Dunia. Ilikuwa imeundwa mahsusi kuthibitisha kuwa kombora linaweza kuangamiza meli kubwa kuliko zote. Isitoshe, iliundwa Mykolaiv, mji ulio nchini Ukraine.

Ili kuelewa jinsi mambo yalivyofikia hapo, sharti msomaji arudi nyuma hadi miaka ya hamsini.

Mizinga yapitwa na wakati

Joseph Stalin alipofariki mwaka wa 1953, Muungano wa Kisovieti ulikuwa katika harakati za kuunda kruza, yaani manowari kubwa za kusafiri mbali, zilizotegemea mizinga. Kruza 14 za aina ya Sverdlov zilikamilishwa. Hata hivyo, mrithi wake, Nikita Khrushchev, aliziona kuwa mzigo mtupu. Kwake yeye, enzi ya mizinga ilikuwa imekwisha, na kruza kadhaa ambazo hazikuwa zimekamilika zikakatwakatwa kuwa vyuma vikuukuu.

Jukumu la kutafuta njia mpya lilimwangukia Admeri Sergei Gorshkov, aliyeliongoza jeshi la majini la nchi hiyo kuanzia 1956 hadi 1985. Tatizo lake lilikuwa bayana. Marekani ilikuwa na manowari za kubebea ndege, nchi yake haikuwa nazo, na gharama ya kuziunda ilikuwa kubwa mno. Jibu likawa kombora: chombo kisicho na rubani ambacho kingeweza kuvuka mamia ya kilomita na kulenga shabaha moja tu.

Matunda ya kwanza yalikuwa Grozny, iliyoundwa Leningrad na kuanza kazi mwaka wa 1962. Ilikuwa na uzito wa kiasi cha tani 5,500 pekee, lakini ilibeba makombora 16 aina ya P-35, manane yakiwa tayari kwenye mirija na manane yakiwa akiba. Kila moja lilikuwa na uzito wa zaidi ya tani nne. Khrushchev alilishuhudia likirushwa akavutiwa mno. Meli hiyo, ambayo kwa umbo ilikuwa ya daraja la chini, ikapandishwa hadhi na kuitwa kruza. Wenzake watatu walifuata: Admiral Fokin, Admiral Golovko na Varyag.

Wale waliotilia shaka nguvu ya silaha hiyo walipata jibu mnamo Oktoba 21, 1967. Siku hiyo, boti ndogo za Misri zilizotengenezwa na Wasovieti zilirusha makombora aina ya P-15 karibu na Port Said na kuizamisha manowari ya Israeli, Eilat. Mabaharia 47 waliangamia. Tangu hapo hakuna jeshi la majini lililopuuza kombora tena.

Mkono mrefu, macho mafupi

Hata hivyo, Grozny ilikuwa na kasoro kubwa. Kombora lake liliweza kufika zaidi ya kilomita 250, ilhali rada ya meli haioni zaidi ya upeo wa macho, yaani kiasi cha kilomita 40 hivi kwa shabaha iliyo juu ya maji. Ilikuwa sawa na mtu mwenye mkuki mrefu anayepigana gizani.

Ilibidi ndege kubwa za upelelezi aina ya Tu-95 zitangulie kumtafuta adui na kuipasha meli habari. Ndege hizo nazo zingeweza kudunguliwa kabla ya kutuma ujumbe. Fauka ya hayo, fundi aliyekuwa melini alilazimika kuliongoza kombora kwa mawimbi ya redio, hivyo ni makombora machache tu yaliyoweza kuongozwa kwa wakati mmoja.

Kruza nne zilizofuata, za mradi ulioitwa Berkut, zilipunguziwa makombora hadi manne lakini zikapewa helikopta yenye banda lake la kudumu melini. Baadaye ukaanzishwa mtandao wa setilaiti za kuzisaka meli za adui kutoka angani, baadhi zikiendeshwa kwa nishati ya nyuklia. Dunia ilifahamu habari zake kwa njia ya kutisha mnamo Januari 1978, wakati mojawapo, Kosmos 954, ilipoanguka kaskazini mwa Kanada na kutawanya vipande vyenye miale ya sumu.

Wakati huo huo, tishio jingine lilikuwa limejitokeza. Nyambizi za Marekani zilianza kubeba makombora ya nyuklia, na zikawa adui wa kwanza wa kusakwa. Kutokana na hali hiyo, manowari 10 za mradi wa 1134A na saba za mradi wa 1134B zilipewa makombora ya kushambulia nyambizi. Wataalamu wa nchi za Magharibi walipoiona mirija hiyo mikubwa walidhani ni ya kupigia meli, na miaka kadhaa ilipita kabla ya kosa hilo kusahihishwa.

Majitu ya nyuklia

Kilele cha juhudi za Gorshkov kilikuwa mradi wa Orlan. Ujenzi wa Kirov, ya kwanza miongoni mwazo, ulianza Leningrad mwaka wa 1974. Ilishushwa majini mwaka wa 1977 na kukabidhiwa wanamaji mnamo Desemba 1980.

Ukubwa wake uliwashangaza mahasimu. Ilikuwa na urefu wa takriban mita 252, sawa na viwanja viwili na nusu vya kandanda, na uzito wa zaidi ya tani 24,000. Ukiondoa manowari za kubebea ndege, hakuna meli ya vita ya kupigana juu ya maji yenye ukubwa huo iliyokuwa imeundwa tangu Vita Vikuu vya Pili. Mitambo miwili ya nyuklia iliiwezesha kusafiri mbali bila kutegemea meli za mafuta.

Chini ya sitaha, upande wa omo, mlikuwa na makombora 20 aina ya Granit, kila moja likiwa na uzito wa takriban tani saba na kasi inayozidi ile ya sauti maradufu. Makombora 96 ya kudungulia ndege yaliilinda kutoka juu. Kutokea kwa Kirov hutajwa miongoni mwa sababu zilizoifanya Marekani kuzirejesha kazini, katika miaka ya themanini, manowari zake kuukuu za aina ya Iowa.

Gharama ya majitu hayo ndiyo iliyozaa mradi wa Atlant, wa manowari ndogo zaidi zinazoendeshwa kwa injini za gesi. Ya kwanza, Slava, iliundwa Mykolaiv. Ilikuwa na urefu wa mita 186, uzito wa kiasi cha tani 11,500 na mabaharia takriban 500. Mirija yake 16 mikubwa ilipangwa wazi ubavuni, minane kila upande. Hii ndiyo iliyokuja kuitwa Moskva.

Slava ilishuhudia pia juhudi za amani. Mnamo Julai 1989 wanasayansi wa Marekani waliruhusiwa kupanda juu yake karibu na Yalta na kupima miale ya kombora lenye kichwa cha nyuklia, jambo ambalo halikufikirika miaka michache awali. Desemba mwaka huo ilikuwa Malta, wakati Mikhail Gorbachev na Rais George Bush walipokutana huku dhoruba ikivuruga ratiba yao.

Njaa yaingia bandarini

Miaka miwili baadaye Muungano wa Kisovieti ulisambaratika, na ikadhihirika kuwa kuunda meli ni jambo moja na kuitunza ni jingine.

Kirov, iliyopata hitilafu katika mtambo wake wa nyuklia mwaka wa 1990 ikiwa Bahari ya Mediterania, haikurejea kazini tena. Mwenzake Frunze, iliyopewa jina jipya la Admiral Lazarev, ilikaa kwa miaka mingi karibu na Vladivostok ikiliwa na kutu hadi ilipopelekwa kuvunjwa mwaka wa 2021. Manowari ya nne ya mradi wa Atlant ilibaki Mykolaiv ikiwa haijakamilika. Ukraine iliirithi bila kuwa na fedha za kuimalizia wala haja nayo.

Slava yenyewe ilikwama katika matengenezo kwa karibu miaka yote ya tisini. Ilibadilishwa jina na kuitwa Moskva, na serikali ya jiji la Moscow ikachangia gharama za kuikarabati.

Jitu la mwisho, Pyotr Velikiy, lilianza kuundwa mwaka wa 1986 lakini likakabidhiwa wanamaji mwaka wa 1998. Miaka miwili baadaye lilikuwa katika mazoezi ambapo nyambizi Kursk ililipuka na kuua watu wote 118 waliokuwemo. Kursk ilikuwa ijizoeze kulishambulia jitu hilo, na badala yake ni jitu hilo lililosaidia kuisaka chini ya bahari.

Pwani ya Afrika

Urusi ilipopata tena fedha za mafuta, manowari hizo zilirudi baharini kama mabalozi wenye silaha. Pyotr Velikiy ilizuru Venezuela mwishoni mwa 2008 na Cape Town mnamo Januari 2009.

Kutoka huko ilipanda hadi maji ya karibu na Somalia. Mnamo Februari 2009, mwezi ule ule ambapo meli ya Faina ilifika Mombasa na vifaru vyake 33 baada ya kuachiliwa na maharamia, mabaharia wa Pyotr Velikiy waliwanasa washukiwa 10 wa uharamia waliokuwa katika mashua tatu. Chombo kilichoundwa kukabiliana na jeshi la majini la Marekani kilikuwa sasa kikifukuza vijana wenye bunduki na ngazi za kamba.

Mnamo Novemba 2019 Marshal Ustinov, dada yake Moskva, ilitia nanga Cape Town kwa mazoezi ya pamoja na wanamaji wa Afrika Kusini na China.

Siku za mwisho za Moskva

Moskva nayo ilishiriki vita vya Georgia mwaka wa 2008. Baada ya Uturuki kuidungua ndege ya Urusi mnamo Novemba 2015, ilipelekwa karibu na Latakia, Syria, kulinda anga. Mnamo Februari 24, 2022, siku ya kwanza ya uvamizi wa Ukraine, ilikuwa mbele ya Kisiwa cha Nyoka ikiwataka walinzi wake wasalimu amri.

Siku nne baadaye Uturuki ilizifunga njia za kuingia Bahari Nyeusi kwa manowari, kulingana na mkataba wa Montreux wa 1936. Marshal Ustinov na Varyag zilikuwa zimeletwa Mediterania lakini hazikuweza kuingia. Moskva ikabaki peke yake.

Kombora la Neptune lina uzito usiofikia tani moja na kichwa cha mlipuko cha kilo 150 hivi. Nguvu yake imo katika kuruka chini, karibu kugusa mawimbi. Kombora la aina hiyo hujitokeza kwenye rada likiwa limebakisha kiasi cha kilomita 30, na kwa kasi ya kilomita 900 kwa saa, mabaharia huwa na dakika mbili tu za kuliona, kulitambua na kulizuia. Tatizo la upeo wa macho, lililoisumbua Grozny katika kushambulia, liliikabili Moskva katika kujilinda.

Meli ndogo, pigo lile lile

Kufikia wakati wa kuzama kwa Moskva, Urusi yenyewe ilikuwa imeonyesha kuwa ukubwa si hoja tena. Mnamo Oktoba 2015 meli zake ndogo, baadhi zikiwa hazifikii tani 1,000, zilirusha makombora aina ya Kalibr kutoka Bahari ya Kaspi na kupiga shabaha nchini Syria, umbali wa takriban kilomita 1,500.

Hata hivyo, Moscow haijayatupa majitu yake. Admiral Nakhimov, iliyoingia karakana ya Severodvinsk mwaka wa 1999, ilitoka kwa majaribio ya baharini mnamo Agosti 2025, baada ya miaka 26. Mpango uliotangazwa ni kuijaza makombora mapya, yakiwemo ya Zirkon. Wanaoiunga mkono husema bendera ya taifa kubwa inahitaji mlingoti mkubwa. Wanaoipinga huuliza ni meli ngapi ndogo zingeundwa kwa fedha hizo.

Kati ya hoja hizo mbili wapo mabaharia. Mnamo Aprili 22, 2022, wizara ya ulinzi ya Urusi ilitangaza kuwa mtu mmoja alikufa kwenye Moskva, 27 hawakupatikana na 396 waliokolewa. Hapo awali ilikuwa imesema kuwa mabaharia wote walikuwa wameondolewa melini salama. Miongoni mwao walikuwemo vijana waliokuwa wakitumikia jeshi kwa lazima, na baadhi ya wazazi ilibidi wajitafutie wenyewe habari za wana wao, wakiuliza hadharani kwa nini vijana hao walipelekwa vitani.