Waliokosa Meli ya Montevideo

Siku hizi kijana akitaka kwenda kuangalia fainali za soka nchi za mbali, kilio chake ni pesa. Nauli, viza, tiketi, pa kulala. Haya, tuseme pesa ipo. Je, unayo miezi miwili ya kukaa mbali na kazi? Hilo ndilo swali lililowatoa watu jasho mwaka 1930, Kombe la Dunia lilipochezwa kwa mara ya kwanza kule Uruguay.

Tuanze na mashabiki, maana hao ni wenzetu. Waargentina walikuwa majirani. Buenos Aires na Montevideo ziko kwenye mdomo mmoja mpana wa Rio de la Plata, huyu upande huu na yule upande ule, safari ya usiku mmoja kwa meli. Timu yao ilipoingia fainali dhidi ya wenyeji, watu walifurika bandarini mpaka meli zilizokodiwa hazikutosha. Waliobahatika wakaondoka usiku. Huko majini wakakutana na ukungu mzito, na meli katika ukungu haina ubishi, inakwenda kwa kunyata. Fainali ikapigwa tarehe 30 Julai, Uruguay ikashinda 4-2, na wapo waliotia nanga Montevideo wakati mpira umekwisha. Umeaga nyumbani, umekesha sitahani, halafu unapokelewa na shangwe za wapinzani! Hata waliowahi walipekuliwa mlangoni wasije wakawa wamebeba silaha.

Kama jirani yalimkuta hayo, wa mbali je?

FIFA iliipa Uruguay uenyeji mwaka 1929, kwenye mkutano wa Barcelona. Haikuwa upendeleo. Uruguay walikuwa mabingwa wa Olimpiki mwaka 1924 na 1928, na mwaka 1930 katiba yao ilikuwa inatimiza miaka 100. Isitoshe, waliahidi kulipa nauli na malazi ya timu zitakazokuja. Nani angekataa dau kama hilo? Ulaya ilikataa. Italia, Uhispania, Uholanzi, Hungaria na Sweden, ambazo zote zilikuwa zimeutaka uenyeji, hazikwenda. Ilibaki miezi miwili tu kabumbu lianze, na hakuna timu hata moja ya Ulaya iliyokuwa imejiandikisha.

Kiburi kilikuwepo, sibishi. Lakini tusiwaonee wachezaji. Wengi wao walikuwa watu wa kazi, wa viwandani na maofisini, na mpira ulikuwa jambo la baada ya saa za kazi. Meli ilichukua wiki mbili kwenda, wiki mbili kurudi. Weka na mashindano yenyewe, miezi miwili hiyo inanukia. Na uchumi wa dunia ulikuwa umeshaanza kuyumba. Bosi gani angekuachia?

Mwishowe zilikwenda nne: Ufaransa, Ubelgiji, Romania na Yugoslavia. Ufaransa ilikwenda kwa sababu Jules Rimet, rais wa FIFA, alikuwa mtu wao na aliwabembeleza sana. Hata hivyo kocha wao wa kawaida, Gaston Barreau, alibaki, na mshambuliaji Manuel Anatol naye akabaki. Romania ilikuwa na mfalme mpya, Carol wa Pili, aliyeshika kiti mwezi huohuo wa Juni 1930, na inasimuliwa kwamba yeye mwenyewe aliwabana waajiri mpaka wachezaji wakaachiwa. Ruhusa ya mfalme! Sisi wengine hata ya msimamizi wa zamu tunaipata kwa kuugua.

Kati ya Wafaransa alikuwemo Lucien Laurent, mfanyakazi wa Peugeot kule Sochaux. Alipata ruhusa, akapanda meli pamoja na kaka yake Jean. Tarehe 13 Julai, dhidi ya Meksiko, dakika ya 19, akafunga goli la kwanza kabisa katika historia ya Kombe la Dunia. Yaani goli hilo lilitegemea ruhusa ya kiwanda cha magari.

Meli yenyewe iliitwa Conte Verde. Waromania walipanda Genoa, Wafaransa Villefranche tarehe 21 Juni, Wabelgiji Barcelona. Tarehe 29 ikawazoa Wabrazili pale Rio de Janeiro, tarehe 4 Julai ikafika Montevideo. Mazoezi yalikuwa kukimbia na kunyoosha viungo sitahani, katikati ya abiria wa kawaida. Rimet alikuwemo, kombe limo kwenye mizigo yake. Wewe unayelalamika kijiweni kwamba huna kisa cha kuandika, hebu tazama hapo: wapinzani wanakula chumba kimoja cha chakula, kitu wanachokigombea kimo ndani ya begi la mzee mmoja, na hakuna awezaye kushuka.

Yugoslavia haikuwemo. Yenyewe ilipanda meli nyingine, Florida, kutoka Marseille. Na hapa ndipo Afrika inapoingia. Misri ilikuwa isafiri na meli hiyohiyo. Hawakuwa wasindikizaji, kwani mwaka 1928 walishika nafasi ya nne kwenye Olimpiki ya Amsterdam. Lakini meli iliyowatoa kwao ilipigwa na dhoruba katika Bahari ya Mediterania, ikachelewa. Walipofika, Florida imeshaondoka. Wakatuma simu ya maandishi Montevideo kusema hawaji tena. Mashindano yakachezwa na timu 13, bila hata moja ya Afrika, na Yugoslavia, ambao wangekuwa wasafiri wenzao, wakaifunga Brazili na kufika nusu fainali.

Mwaka 1934 fainali zilikuwa Italia, karibu na nyumbani. Safari hii ilibidi Misri ipite kwenye mchujo. Ikaitoa Palestina, ikavuka Mediterania ileile, ikafika salama Naples. Tarehe 27 Mei ikafungwa 4-2 na Hungaria, magoli yote mawili yakiwa ya Abdelrahman Fawzi. Ilikuwa mtoano, mechi moja na kurudi kwenu. Timu ya Afrika iliyofuata kukanyaga uwanja wa Kombe la Dunia ni Moroko, kule Meksiko, mwaka 1970. Miaka 36 ilikuwa imepita.