Bonde Letu la Rungwe na Vijiji vya Marika

Nchi ya Wanyakyusa imezungukwa na milima pande tatu, na upande wa nne lipo ziwa. Mashariki imesimama Milima ya Livingstone kama ukuta. Kaskazini ipo Milima ya Poroto na Mlima Rungwe, wenye kimo cha karibu mita 2,960. Magharibi ni vilima vya Undali. Na kusini ni Ziwa Nyasa. Mito ya Kiwira, Mbaka na Lufilyo yashuka toka milimani hata ziwani. Mvua ya bonde hili ni nyingi kupita mahali pengi katika Tanzania, na udongo wake, uliotokana na majivu ya volkano za zamani, una rutuba. Hivyo migomba ilistawi, na chini yake ng'ombe na watu wakapata kivuli.

Mwaka 1879 Mskoti Joseph Thomson alipita katika nchi hii, naye akaisifu sana kwa usafi wa vijiji vyake na uzuri wa mashamba ya migomba. Miaka ile hapakuwa na misheni, wala shule, wala boma. Usafi ule na utaratibu ule ulikuwa kazi ya wazee wetu wenyewe. Jambo hili twataka kulitaja mapema, maana wako vijana wadhanio ya kuwa kabla ya Injili kufika hapakuwa na malezi katika bonde.

Wala bonde halikuishi peke yake. Wakinga walishuka toka milimani na majembe ya chuma waliyoyafua wenyewe, wakarudi na vyakula. Wanawake wa Kikisi, wakaao kando ya ziwa huko Ikombe, walifinyanga vyungu, navyo vikachukuliwa kwa mitumbwi mpaka sokoni Matema. Tena masimulizi ya wazee yasema kwamba ukoo wa machifu, yaani malafyale, ulitoka Ukinga ukivuka milima, ukaleta moto na ng'ombe. Basi hata asili ya bonde ni habari ya majirani kupeana vitu.

Lakini jambo lililolitofautisha bonde letu na nchi nyingine nyingi ni vijiji vya marika. Mahali pengine watu hukaa pamoja kwa ukoo, baba na wanawe na wajukuu. Kwetu haikuwa hivyo. Mtoto wa kiume alichunga ng'ombe wa baba yake, na alipopata umri wa miaka 10 au 11 alitoka katika nyumba ya wazazi, akajenga kibanda pamoja na wenzake wa rika lake, pembeni mwa kijiji cha baba zao. Walilala huko, lakini chakula walikula kwa mama zao: leo kundi zima kwa mama wa huyu, kesho kwa mama wa yule. Waliendelea kulima mashamba ya baba zao hata walipooa, na wengi wao walioa wakiwa na umri wa karibu miaka 25. Kisha kibanda cha wavulana kikawa kijiji cha wanaume wenye wake na watoto, nao wakazeeka pamoja.

Mara moja katika kila kizazi, yaani kila baada ya miaka 30 hivi, palifanyika sherehe kuu iitwayo ubusoka. Ndipo wazee walipowakabidhi vijana nchi na utawala. Mioto ya zamani ilizimwa, moto mpya ukapekechwa, na wakuu wapya wa vijiji wakachaguliwa. Wazee wenyewe walisogea pembeni wakawaachia wana wao ardhi.

Shabaha ya maisha hayo yote ilikuwa neno moja la Kinyakyusa: ukwangala. Maana yake ni kufurahia ushirika wa wenzio, kula na kunywa pamoja, kuzungumza kwa adabu, kujifunza akili kwa kusikiliza. Mtu aliyekula peke yake alitiliwa shaka. Aliyemdharau mzazi au kuwanyima jirani aliogopa manung'uniko ya kijiji, kwa kuwa waliamini ya kuwa pumzi ya watu humletea mkosaji baridi na ugonjwa. Habari hizi ziliandikwa kwa uangalifu na Godfrey na Monica Wilson, waliokaa katika bonde kati ya mwaka 1934 na 1938, na Monica Wilson akatoa kitabu juu ya vijiji vya marika mwaka 1951.

Hata hivyo tusiyapake mambo ya kale rangi isiyo yao. Wazee wenye ng'ombe wengi walioa wake wengi, na vijana wakangoja muda mrefu. Ile hofu ya pumzi ya watu ilikuwa jirani na hofu ya uchawi, na wengi walishtakiwa na kufukuzwa vijijini mwao bila kosa.

Mwaka 1891 wamisionari wa Kidachi walifika kwa njia ya Ziwa Nyasa: Wamoravian, waliojenga Rungwe, na wale wa Misheni ya Berlin wakiongozwa na Alexander Merensky. Walipatana kugawana nchi, Wamoravian magharibi na wa Berlin mashariki, na katika miaka michache vikawapo vituo vya Manow na Mwakaleli. Waliobatizwa wengi walihamia penye vituo au katika vijiji vya Wakristo. Huko baba na mwana, mzee na kijana, walijenga nyumba zao kijiji kimoja. Neno hili laonekana dogo leo, lakini katika bonde hili lilikuwa jambo jipya kabisa.

Mwaka 1916 vita ilifika Tukuyu, na wamisionari wa Kidachi wakaondolewa. Sharika hazikufa. Walimu wa hapa hapa waliendelea kufundisha na kuongoza sala, hata wamisionari waliporudi baada ya mwaka 1925. Nguvu ile ilitoka kwa Mungu; lakini twaamini pia kwamba watu waliolelewa katika kushikana na wenzao tangu utotoni hawakuona shida kushikana katika Kanisa.

Baadaye desturi ya marika ilififia. Kahawa ni mti wa miaka mingi, na mwenye kuupanda hapendi kuhama na kumwachia mwingine shamba. Dhahabu ya Lupa, iliyoanza kuchimbwa miaka ya 1920, iliwaita wanaume mbali na nyumbani. Ardhi ikawa haba. Vijana wakakosa mahali pa kujenga kijiji chao, na ubusoka ukakoma.

Basi tumebaki na nini? Kanisa lilituletea baba na mwana mezani pamoja, nasi twashukuru. Lakini shule ile ya rika, iliyomfundisha kijana adabu kwa mikono ya wenzake, imevunjika, na wengi wetu hatukuweka kitu mahali pake. Leo vijana wetu huenda Mbeya na Dar es Salaam. Wazee hubaki chini ya migomba, wakila peke yao, jambo ambalo babu zao wangaliona ni msiba.

Kwa hiyo twawasihi walimu: wapelekeni watoto kwa wazee wakaulize habari za ukwangala na kuziandika katika madaftari yao, maana waliozisikia kwa baba zao wanapungua kila mwaka. Nanyi wazee wa sharika, wapeni vijana kazi yao wenyewe na mahali pao katika usharika, wakaijifunze pamoja kama rika moja. Na baada ya ibada za sikukuu kila mtaa utandike mikeka, chungu kimoja kiwekwe katikati, wazee na vijana wale pamoja. Jubilei yetu isipite bila tendo hilo.