Wolfgang Staudte: mtu wa sinema aliyeuliza wauaji wamekwenda wapi

Vita inapoisha bunduki zinanyamaza, lakini swali moja linabaki: wale walioua raia wako wapi sasa? Huko Ujerumani, baada ya vita kumalizika mwaka 1945, mwandishi na mwongozaji wa filamu Wolfgang Staudte aliliuliza swali hilo mbele ya watu wote.

Staudte alizaliwa tarehe 9 Oktoba 1906 mjini Saarbrücken, katika familia ya waigizaji. Yeye mwenyewe hakukosa doa. Chini ya utawala wa Hitler aliendelea na kazi ya sinema, na mwaka 1940 aliigiza sehemu ndogo katika Jud Süß, filamu ya kuchochea chuki dhidi ya Wayahudi.

Vita ilipokwisha, mji wa Berlin ulikuwa mabomoko, na majeshi ya nchi nne yalikuwa yameugawana. Staudte alizunguka na hadithi aliyoiandika, akitafuta ruhusa ya kuifanya filamu. Wamarekani, Waingereza na Wafaransa hawakumpa. Warusi walikubali, lakini kwa sharti moja.

Hadithi yenyewe ni hii. Mwanamke kijana, Susanne, anarudi kutoka kambi ya mateso na kukuta mtu mwingine anaishi katika nyumba yake. Ni Mertens, daktari aliyekuwa jeshini, ambaye sasa ni mlevi na hapati usingizi. Hawafukuzani, wanaishi pamoja humo humo. Polepole Susanne anajua kinachomtesa daktari: sikukuu ya Noeli mwaka 1942, huko Poland, kapiteni wake aliamuru raia wauawe, wanawake na watoto wakiwemo. Kapiteni huyo, Brückner, yuko hai. Ana kiwanda, anageuza kofia za chuma za askari kuwa sufuria, anakula vizuri na kulala bila shida. Mertens anachukua bastola.

Katika maandishi ya kwanza, Mertens alimuua. Warusi walikataa mwisho huo: watu wakitoka kwenye sinema na wazo kwamba kila mmoja ajilipizie kisasi, mauaji hayangekwisha. Staudte akabadilisha. Susanne anafika kwa wakati na kumzuia, na Brückner anaonekana nyuma ya vyuma vya gereza, akipiga kelele kwamba hana kosa. Filamu hiyo, Die Mörder sind unter uns, maana yake “Wauaji wako kati yetu”, ilionyeshwa mara ya kwanza Berlin tarehe 15 Oktoba 1946. Ilikuwa filamu ya kwanza ya Ujerumani baada ya vita.

Lakini je, mahakama yenyewe ikiwa mikononi mwa watu wale wale? Staudte alirudi kwenye jambo hilo mwaka 1959, akiwa ameshahamia upande wa magharibi. Katika Rosen für den Staatsanwalt, askari mmoja anahukumiwa kifo wakati wa vita kwa sababu ya chokoleti, na anaponea chupuchupu ndege zinaposhambulia. Miaka inapita. Anauza vitu vidogo barabarani, na siku moja anakutana na yule aliyemtakia kifo. Bwana huyo bado ni mwendesha mashtaka, tena mkubwa, na anaheshimiwa. Muuzaji anavunja kioo cha duka na kuiba chokoleti ile ile, ili kesi irudi mahakamani. Humo mkubwa anachanganyikiwa na, kwa mazoea, anadai tena hukumu ya kifo.

Watazamaji walicheka, lakini wengi walijua kwamba majaji wa zamani walikuwa bado kazini. Mwaka 1964 Staudte alitengeneza Herrenpartie, juu ya Wajerumani wanaotembelea kijiji cha Yugoslavia ambako jeshi la nchi yao liliua wanaume wote. Nyumbani alishutumiwa kuwa ndege anayechafua kiota chake mwenyewe. Baadaye alipoteza pesa nyingi, akaingia katika madeni, akaishi kwa kuongoza vipindi vya televisheni.

Alifariki tarehe 19 Januari 1984 huko Yugoslavia, akiwa kazini. Swali lake ni lile lile kwa kila aliyerudi na kukuta nyumba yake ina mtu mwingine: kuweka bastola chini ni hatua ya kwanza, lakini baada ya hapo lazima kuwe na jaji wa kweli.