Dick Miller: Miaka Sitini Pembeni mwa Steringi

Dick Miller alikwenda California akitaka kuwa mwandishi. Alizaliwa Bronx, New York, siku ya Krismasi mwaka 1928. Katikati ya miaka ya 1950 alikutana na Roger Corman, mwongozaji aliyekuwa akifyatua filamu za fedha kidogo kama matofali. Corman akamwambia waandishi wapo, wanaokosekana ni waigizaji. Basi Miller akawa mwigizaji. Katika Apache Woman ya 1955 alicheza Mhindi Mwekundu, kisha akavalishwa kofia akacheza pia Mzungu anayewasaka Wahindi hao hao, katika filamu ile ile.

Usteringi aliupata mwaka 1959, katika A Bucket of Blood, iliyopigwa kwa siku tano na dola zipatazo 50,000. Yeye ni Walter Paisley, mhudumu wa mkahawa wa wasanii. Anamuua paka kwa bahati mbaya, anamfunika kwa udongo, watu wanamsifu kwa sanamu nzuri. Sifa zinampanda kichwani, anaanza kuua watu. Miller anatuonyesha kwanza mnyonge mwenye kiu ya kupendwa, ndiyo maana mauaji yanauma. Mwishoni Walter alipaswa kugeuka sanamu, lakini muda ulikwisha, wakampaka rangi ya kijivu tu. Miller alilalamikia ubahili huo kwa miaka, na alikuwa na haki.

Mwaka uliofuata, katika The Little Shop of Horrors, alikataa nafasi kubwa akachukua ndogo: mteja anayeingia duka la maua, anayatia chumvi, anayatafuna palepale. Ni vigumu kumsahau.

Vijana waliopita mikononi mwa Corman hawakumsahau pia. Joe Dante alimpa nafasi karibu katika kila filamu yake. Katika Gremlins ya 1984 ndiye Futterman, jirani anayelaani mashine za kigeni. Mwaka huo huo James Cameron alimweka nyuma ya kaunta ya duka la bunduki katika The Terminator. Arnold Schwarzenegger, anayecheza roboti muuaji, anaagiza, Miller anapanga silaha mezani na kuzisifia kwa uchangamfu wa muuzaji anayeijua bidhaa yake. Mteja huyo anapotia risasi, Miller anamwambia hairuhusiwi. Anauawa hapo hapo. Roboti ile inatisha kwa sababu aliyesimama mbele yake ni mtu wa kawaida kabisa, na kucheza mtu wa kawaida ni kazi ngumu ambayo tuzo huipita.

Miller alifariki Januari 30, 2019, akiwa na miaka 90. Kama hujawahi kumwona akiwa steringi, tafuta A Bucket of Blood. Haifiki hata dakika 70, na ndiyo kazi yake bora kuliko zote.