Mlima wa Orin, Msitu wa Mukami

Asubuhi isiyo na ukungu, Endarasha hukuonyesha Mlima Kenya upande mmoja na Nyandarua upande wa pili. Labda ndiyo sababu filamu ya Mjapani Shohei Imamura, The Ballad of Narayama, iliyotwaa Palme d'Or ya Cannes mwaka 1983, hainitoki akilini. Katika kijiji cha filamu hiyo, mtu akifika miaka 70, mwanawe mkubwa humbeba mgongoni hadi mlimani akamwacha afe, chakula kiwatoshe waliobaki. Bibi Orin ana miaka 69 na meno imara. Anaona haya: mzee gani wa kutafuna hivyo? Anajivunja meno kwa jiwe, na safari ikifika yeye ndiye anayemhimiza mwanawe. Ni mhusika mkuu, mkali, mwenye hiari yake; lakini kazi aliyopewa ni kuondoka.

Kwenye runinga yetu nyanya hapelekwi mlimani, huachwa sebuleni agombe. Mama Kayai wa kichekesho cha Vitimbi alituchekesha miaka na miaka akimkaripia mumewe Ojwang. Nampenda mpaka leo, ila mwondoe Ojwang uone hadithi inabaki na nini. Tamthilia ya Mother-in-Law ya runinga ya Citizen nayo ilimpa mama enzi ya nyumba nzima, na bado jina la igizo likamtaja kwa ukwe wake.

Waliovunja mazoea hayo hawakuwa waigizaji. Mwaka 2006, filamu ya hali halisi As Old as My Tongue ilimwonyesha mwimbaji Bi Kidude wa Zanzibar akivuta sigara na kupiga ngoma, asimwombe mtu radhi. Kisha Zippy Kimundu na Meena Nanji wakatuletea Our Land, Our Freedom, na ndani yake Mukami Kimathi na bintiye Wanjugu. Mukami aliingia msituni na wapiganaji wa Mau Mau akiwa kijana, akafungwa gereza la Kamiti, humo humo alimonyongwa mumewe, kiongozi wa Mau Mau Dedan Kimathi, tarehe 18 Februari 1957. Orin anajiondoa kwenye hesabu ya walaji. Mukami uzeeni anadai hesabu: mwili wa mumewe uko wapi, na ardhi ya waliopigana iko wapi? Filamu inatembea kwa sababu ajuza huyu hajanyamaza.

Waandishi wetu wa tamthilia hawajafika hapo. Siku ya soko Endarasha, wanaobishana na madalali wa viazi ni akina cucu, nyanya zetu. Kwenye runinga sijawaona.

Mukami alifariki Mei 2023. Filamu ilionyeshwa Amsterdam Novemba mwaka huo, na kaburi la Kimathi lilikuwa bado halijaonyeshwa.