Njaa Jukwaani

Kila ninapowafundisha wanafunzi kuigiza tamthilia ya Kinjeketile, wote hugombania onyesho la mtoni. Wanataka pepo Hongo amburute mganga Kinjeketile majini, ndugu wapige yowe, kisha aibuke mkavu. Siwalaumu. Ila mimi mazoezi nayaanzia kwa Bi Kitunda na Bi Bobali, wanawake wanaozungumza habari za njaa huku wanaume wako shambani kwa Mzungu. Hapo simruhusu mtu kuharakisha.

Ebrahim Hussein, mzaliwa wa Lindi, alichapisha tamthilia hiyo mwaka 1969, na alieleza wazi kuwa Kinjeketile wake ni wa kubuni. Yule wa kweli, Kinjeketile Ngwale wa Ngarambe, aligawa maji yaliyoaminiwa kuwakinga watu na risasi za Wajerumani. Habari zilinong'onwa kijiji hadi kijiji. Julai 1905 watu wa Nandete, Umatumbini, waling'oa pamba waliyolimishwa kwa nguvu. Agosti 4 mganga akanyongwa Mohoro, vita dhidi ya Wajerumani vingali vichanga.

Wapiganaji wa vita hivyo walijifunga mabua ya mtama kichwani. Nami waigizaji wangu nawavisha mabua halisi, yanayokwaruza paji la uso, kwa sababu chakula walichokivaa ndicho kilichokuja kuteketezwa. Agosti 30 huko Mahenge walikwenda moja kwa moja kwenye bunduki za rashasha. Februari 27, 1906 watu 67 walinyongwa Songea. Lakini silaha iliyoua wengi zaidi ilikuwa kibiriti: majeshi ya Wajerumani yalichoma vijiji, mashamba na maghala mpaka watu wakashindwa kupanda. Makadirio ya waliokufa huanzia 75,000 hadi 300,000, na wengi wao ni njaa iliyowamaliza. Maiti ya vitani inaonyesheka jukwaani kwa mwigizaji mmoja kuanguka. Mtoto anayekonda miezi sita utamwonyeshaje? Hussein alijibu kwa kuwapa wanawake nafasi ya kwanza kusema.

Karibu na mwisho, gerezani, Kinjeketile anatakiwa akiri kwamba maji yalikuwa uongo. Anakataa, ingawa mwenyewe ameshaanza kuyatilia shaka. Hapo watazamaji hubishana vikali; wengine humwona ndiye aliyewaponza wenzake. Mimi namtetea. Angekiri, Mjerumani angetangaza kuwa watu walikufa kwa ajili ya upuuzi, ilhali pamba, kodi na viboko havikuwa uongo hata kidogo.