Ingrid Bergman na Lugha Zake Tano

Zile siku ambazo picha za sinema zilikuwa bubu, wewe msomaji huzikumbuki, wala mimi sizikumbuki. Tunazisoma vitabuni tu. Katika siku hizo mtu aliyecheza mbele ya kamera mjini Berlin aliweza kumliza mtazamaji wa Tokyo au wa Buenos Aires bila ya kutamka neno. Maneno machache yaliandikwa na kuonyeshwa katikati ya picha, na kuyageuza kutoka lugha moja hata nyingine ilikuwa kazi ya kalamu na mkasi. Greta Garbo, binti wa Stockholm, alivuka bahari kwenda Marekani mwaka 1925, na Kiingereza chake kilikuwa haba sana. Lakini nani kati ya watazamaji angaliweza kukigundua?

Mnamo mwaka 1927 picha zikaanza kusema, na ule ulimwengu uliokuwa mmoja ukagawanyika. Wenye sinema wakahangaika. Wengine walipiga picha moja mara mbili: asubuhi kwa lugha moja, baadaye kwa lugha nyingine, katika nyumba ile ile na mavazi yale yale. Mwaka 1930 Marlene Dietrich alicheza mchezo mmoja kwa Kijerumani na kwa Kiingereza, na Garbo naye alifanya vivyo hivyo baada ya Kiingereza chake kupevuka. Wachezaji wengi wa Ulaya waliokwenda Hollywood walirudi makwao, kwa kuwa ndimi zao ziliwaponza. Nimeanza kwa habari hii ili upate kuelewa ugumu wa jambo alilolifanya mwanamke ninayetaka kukusimulia, ambaye aliingia katika kazi hiyo wakati mlango ulikuwa umekwisha kuwa mwembamba.

Ingrid Bergman alizaliwa Stockholm, mji mkuu wa Uswidi, tarehe 29 Agosti 1915. Baba yake, Justus, alikuwa na duka la kupigia picha. Mama yake, Friedel, alikuwa Mjerumani. Mama alifariki kabla mtoto hajatimiza miaka mitatu. Baba aliyebaki alimpenda bintiye kwa kamera: kila alipoongeza mwaka alimpiga picha, na ziko hata picha za kutembea zinazomwonyesha mtoto akiweka maua juu ya kaburi la mamaye. Mwaka 1929 baba naye akafa, na binti alikuwa na umri wa miaka 13. Akatunzwa na shangazi yake, naye shangazi akafariki baada ya muda mfupi. Ndipo akaenda kukaa kwa amu yake.

Kutokana na mama aliyekuwa hamkumbuki alirithi lugha ya Kijerumani, kwa maana alipelekwa Ujerumani wakati wa likizo kuwatembelea ndugu wa mama. Basi alikuwa mtoto yatima, mwenye haya nyingi, mwenye lugha mbili. Mwaka 1933 alipokewa katika shule ya mchezo ya Jumba la Kifalme la Maonyesho mjini Stockholm. Hakukaa zaidi ya mwaka mmoja. Wakubwa wa shule walikasirika alipoiacha ili acheze picha za sinema, wakamwonya kwamba anaharibu kipawa chake. Mimi ni mwalimu, na kwa desturi nawatetea waalimu. Lakini kwa habari hii nakubali kwamba mwanafunzi aliona mbali kuliko wao. Mwaka 1936 alicheza katika *Intermezzo*, hadithi ya mpiga fidla mwenye mke na watoto anayempenda binti mpiga piano, na picha hiyo ndiyo iliyolipeleka jina lake ng'ambo.

Hapa sina budi kutaja jambo lisilompa sifa. Mwaka 1938 alikwenda Berlin akacheza picha moja kwa Kijerumani katika kampuni ya UFA, ambayo wakati huo ilikuwa imekwisha tiwa mkononi mwa serikali ya Hitler. Alikuwa na umri wa miaka 22, ameolewa na Petter Lindström, daktari wa meno, naye alikuwa na mimba ya binti yake Pia. Wako waliomlaumu baadaye kwamba hakufungua macho, wala siwezi kusema kuwa lawama hiyo haina msingi. Lugha ilikuwa imemfungulia nyumba, naye akaingia bila ya kuuliza mwenye nyumba ni nani. Hakuicheza picha ya pili huko.

Mwaka 1939 akaitwa Marekani na David Selznick, ili *Intermezzo* ile ile ichezwe upya kwa Kiingereza. Bwana huyo alitaka kumbadili: jina lilikuwa na mlio wa Kijerumani mno, nyusi zilikuwa nene, na meno yalihitaji kutengenezwa. Ingrid alikataa yote matatu, akasema wakitaka kumgeuza atarudi kwao. Jambo moja tu alilikubali kwa moyo wote, nalo ni kusoma. Akapewa mwalimu wa lugha, Bibi Ruth Roberts, na mwalimu huyo akawa rafiki yake kwa miaka mingi. Mwaka uliofuata, 1940, alithubutu kusimama jukwaani New York na kucheza *Liliom* kwa Kiingereza mbele ya watu, mahali ambapo kosa la ulimi haliwezi kukatwa kwa mkasi.

Sasa angalia werevu wake. Hakujaribu kuifuta lafudhi yake hata ipotee. Aliifanyia kazi mpaka kila neno likasikika wazi, kisha akauacha ule utamu wa Kiswidi ubaki. Watungaji wa Hollywood wakamtafutia watu wa kuigiza wanaolingana na sauti hiyo: katika *Casablanca*, ya mwaka 1942, ni mwanamke wa Norway, mwaka 1943 ni msichana wa Hispania, katika *Notorious*, ya mwaka 1946, ni binti wa mpelelezi wa Kijerumani. Kwa *Gaslight*, ya mwaka 1944, alipata Oscar yake ya kwanza. Nimewasikia vijana wa vyuo vya ualimu wakichekana kwa sababu huyu atamka *r* kama *l*, na yule aongea Kiingereza chenye harufu ya kijijini kwao, hata aliyechekwa akanyamaza mwaka mzima darasani. Ningependa vijana hao waonyeshwe picha hizo.

Mwaka 1946 alirudi jukwaani kucheza *Joan of Lorraine*, mchezo wa Maxwell Anderson juu ya yule msichana Mfaransa aliyechomwa moto mwaka 1431. Kabla ya kufika New York, kundi lilianza Washington. Huko Ingrid alipata habari kwamba watu weusi hawaruhusiwi kuingia katika jumba hilo kutazama. Aliwaambia waandishi wa magazeti waziwazi kuwa angalijua mapema asingalikuja, wala hatakanyaga tena huko mpaka ubaguzi huo uondolewe. Wako waliomtukana kwa ajili hiyo. Mchezo wenyewe ulisifiwa sana, na mwaka 1947 alipewa tuzo ya Tony katika mwaka wa kwanza wa tuzo hiyo kutolewa.

Ungedhani kwamba mtu aliyefika hapo angetulia. Lakini mwaka 1948, baada ya kuona picha mbili za Roberto Rossellini, Mwitaliano aliyekuwa akipiga picha mabarabarani na watu wa kawaida, alimwandikia barua ya kuomba kazi. Katika barua hiyo alizihesabu lugha zake kama mtu ahesabuye fedha za mfukoni: Kiswidi na Kiingereza anacho, Kijerumani hajakisahau, Kifaransa chake si cha kueleweka sana, na Kiitaliano anajua maneno mawili tu, ya kumwambia mtu kuwa unampenda. Ilikuwa mzaha, lakini mzaha huo ulimgharimu.

Mwaka 1949 walikwenda kupiga picha katika kisiwa cha Stromboli, chenye mlima wa moto. Wenzake katika mchezo walikuwa wavuvi wasiojua kamera ni nini. Ingrid mwenyewe amesimulia kwamba walifungwa uzi kwenye kidole cha mguu, na Rossellini aliuvuta kila zamu ya mtu kusema ilipofika. Yeye, aliyezoea maneno yaliyokaririwa sawasawa, alisimama katikati ya watu hao akisema Kiingereza, wao wakijibu lolote, na sauti zikatiwa baadaye mjini. Katika picha zilizoonyeshwa Italia kwa Kiitaliano, sauti aliyopewa haikuwa yake. Picha hiyo haikupendwa na watu wengi wakati ule.

Wakati huo huo yeye na Rossellini walipendana, na kila mmoja alikuwa na ndoa yake. Mtoto wao wa kiume alizaliwa Februari 1950. Tarehe 14 Machi mwaka huo seneta mmoja, Edwin Johnson wa Colorado, alisimama katika Baraza la Seneti la Marekani akamshutumu Ingrid kuwa ni nguvu kubwa ya uovu, akataka itungwe sheria ya kuwapa wachezaji leseni kulingana na mwenendo wao. Aliolewa na Rossellini mwezi wa Mei, lakini hilo halikumrudishia kilichopotea. Binti yake Pia alibaki Marekani kwa babaye, na mwaka 1952 mahakama ya California ilikataa mtoto huyo asipelekwe Italia kumwona mama. Walikaa miaka kadhaa bila ya kuonana. Usinitake nikuambie nani alikuwa na haki. Aliyeacha nyumba aliacha nyumba, na mtoto wa miaka kumi hakuulizwa; lakini kuzijadili chozi za mtoto huyo barazani mwa Seneti, sioni kuwa ilikuwa kazi ya maseneta.

Miaka hiyo ya fedheha ndiyo iliyompa lugha mbili za mwisho. Rossellini alimtengenezea jukwaani kazi ya Arthur Honegger na Paul Claudel juu ya yule yule Joan akiwa amefungwa kwenye mti wa kuchomewa. Waimbaji huimba, Joan husema. Waliianza Naples mwaka 1953, naye akasema kwa Kiitaliano. Mwaka 1954 alisema maneno yale yale kwa Kifaransa mjini Paris, penye watu wasiomsamehe mgeni anayekosea lugha yao, tena kwa Kiingereza mjini London. Mwaka 1955 akafika Stockholm, akayasema kwa lugha aliyozaliwa nayo. Je, wadhani wapi alipokewa kwa ukali kuliko pote? Ni Stockholm. Magazeti ya kwao yalimshambulia yeye, mchezo wake na maisha yake. Aliyestahimiliwa katika lugha za kuazima alikosolewa katika lugha ya nyumbani.

Kurudi kwake kulianzia Paris. Jean Renoir alimpa kazi katika picha iliyopigwa kwa Kifaransa na kwa Kiingereza pamoja, kama zile za mwaka 1930. Desemba 1956 akacheza jukwaani huko *Tea and Sympathy*, mchezo wa Kimarekani uliofasiriwa kwa Kifaransa, na jumba likajaa miezi mingi. Mwaka huo huo ilitoka *Anastasia*, iliyompatia Oscar ya pili. Hakwenda kuipokea, rafiki yake Cary Grant alimpokelea. Ndoa yake na Rossellini ilikwisha, akaolewa na Lars Schmidt, mtayarishaji wa michezo kutoka kwao Uswidi. Mwaka 1962 akacheza *Hedda Gabler* Paris: Mswidi, katika mchezo wa Mnorway, kwa lugha ya Kifaransa. Naye seneta mwingine, Charles Percy, alitia maneno ya kumtaka radhi katika kumbukumbu za Bunge la Marekani mwaka 1972, miaka 22 baada ya yale matusi.

Picha iliyompa Oscar ya tatu, *Murder on the Orient Express* ya mwaka 1974, inanichekesha na kunichoma kwa pamoja. Alitakiwa acheze binti wa kifalme. Akachagua mmisionari wa Kiswidi, mwenye haya, anayefanya kazi Afrika na kuongea Kiingereza kibovu. Maneno aliyotiwa kinywani juu ya watoto wa Kiafrika hayawezi kumpendeza mwalimu wa Kenya. Lakini tazama kazi yenyewe: karibu dakika tano kamera haimwachi, naye, aliyetumia miaka 35 kukisafisha Kiingereza chake, anakivunjavunja kwa makusudi, akirudia kujikwaa alikokwisha kuvuka. Ilimbidi ajifunze upya makosa yake.

Mwaka 1977 alipiga picha ya mwisho ya sinema, *Sonata ya Majira ya Kupukutika*, iliyoonyeshwa mwaka 1978. Mwongozaji alikuwa Ingmar Bergman, ambaye hawakuwa na udugu ila jina. Alikuwa amekwisha kupatwa na saratani ya matiti. Anacheza mpiga piano mashuhuri anayemtembelea binti yake baada ya miaka saba, na usiku mmoja binti huyo anamhesabia kila siku aliyomwacha peke yake. Inasemwa kwa Kiswidi. Ingrid alibishana na mwongozaji, kwa kuwa aliona mama huyo amefanywa mkatili kupita kiasi. Mwisho akayasema maneno kama yalivyoandikwa. Ukiwa umesoma habari za Pia, huwezi kutazama uso ule bila ya kuinamisha wako.

Baada ya hapo alicheza mbele ya kamera mara moja tu, kwa Kiingereza, habari za Golda Meir katika televisheni, na mkono wake ulikuwa umevimba kwa ugonjwa. Alifariki London tarehe 29 Agosti 1982, siku aliyotimiza miaka 67. Tuzo ya kazi hiyo ilipotolewa mwezi uliofuata, aliyepanda jukwaani kuipokea alikuwa Pia. Majivu ya mwili wake yalimwagwa baharini karibu na kisiwa cha Danholmen, magharibi ya Uswidi, na sehemu iliyobaki ikazikwa Stockholm, katika makaburi yale waliyolazwa wazazi wake.